Mahakama Ilipolishika Ghala la Emerensiana

Emerensiana mwenyewe ndiye aliyemwomba hakimu amlete yule mtu. Hilo ndilo linalomla mpaka leo.

Mumewe alipofariki aliacha mashine ya kukoboa mpunga na ghala lake pale Mbede. Arobaini haijafika, shemeji yake Kasimiri akadai ni mali ya ukoo, akaanza kuja na tela la ng'ombe kuchota magunia. Emerensiana hajui kunyamaza. Akapanda basi hadi mahakamani, Mpanda mjini, na huko akaelezwa kwamba mahakama inaweza kuteua mtu asiye wa upande wowote, aishike mali mpaka kesi iishe. Alirudi akiimba.

"Sasa Kasimiri ataisoma namba," alimwambia jirani yake Pudensiana. "Serikali yenyewe italinda mpunga wenu."

Wenu, kwa sababu magunia yake mwenyewe hayakufika nusu ya ghala. Majirani walimwekea mpunga tangu mavuno, wakingoja bei ipande. Pudensiana alikuwa na magunia manne, moja la mbegu. Hakuna aliyeandikiwa kitu. Kila nyumba ilifunga magunia yake kwa namna yake: huyu kwa gome la mti, yule kwa kipande cha kitenge, mwingine kwa mpira wa baiskeli. Emerensiana alipapasa fundo tu, akakutajia mwenye gunia. Miaka kumi na moja hakuwahi kukosea.

Mteule wa mahakama, Bwana Abednego, alifika Septemba na mizani. Hakuwa mwizi. Afadhali angekuwa mwizi. Mwizi huchukua gunia moja akakimbia. Huyu alimweka Emerensiana nje, kwa kuwa mwenye kesi haruhusiwi kugusa mali, kisha akafungua kila gunia. La lumbesa akalipunguza, lililopungua akalijaza, yote akayashona kwa uzi mmoja wa buluu. Magome na vitambaa akavitupa mlangoni kama takataka.

"Nimewasaidia, mama. Kulikuwa na fujo humu. Sasa kila gunia kilo mia, safi kabisa."

"Na ya Pudensiana ni yapi?"

"Pudensiana ni nani? Hayumo kwenye shauri."

Akafunga kufuli, akaondoka na ufunguo.

Mvua za kwanza zilipodondoka, Pudensiana alimjia Emerensiana na jembe begani. "Mama Resti, nipe mbegu yangu."

"Kufuli si langu, mwenzangu."

"Kumbe la nani? Si ulituambia serikali yenyewe?"

Emerensiana alirudi Mpanda mara tatu. Mara zote aliulizwa swali lile lile: hao majirani wana maandishi? Sheria ya watu wasiowahi kubeba gunia kichwani haijui neno la mtu. Pudensiana alipanda mbegu ya kuomba, kwa kuchelewa, na nusu ya jaruba lake haikuota.

Machi hukumu ikasomwa. Mashine, ghala na magunia sitini na mawili yaliyomo ni mali halali ya Emerensiana. Nje ya mahakama Kasimiri alimpa mkono huku akicheka.

"Hongera, shemeji. Umenishinda mimi, umewashinda na majirani zako."

Siku hiyo hiyo aliyokabidhiwa ufunguo, Emerensiana aliacha mlango wazi, akawaita watu wachukue chao. Kila mmoja alitaja idadi yake, naye hakubishana na yeyote, hata wale aliojua wanaongeza. Pudensiana alipofika kutoka shambani, sakafu ilikuwa tupu.

"Ya kuwagawia wengine uliyaona," alisema Pudensiana. "Ya kwangu ndiyo hukuyaona?"

"Hata ya kwangu yameisha."

"Yako ulipewa na hakimu."

Mashine ipo, inapakwa grisi kila wiki. Mavuno haya watu wanafunga mpunga kwenye baiskeli kwenda kukoboa kijiji cha pili. Njia inapita mbele ya mlango wa Emerensiana. Wengine wanamsalimu.