Nchi ya Mungu Asiyetikisika

Dada yangu alimtunga mungu mmoja tukichuma chai. Sisemi Mungu wa kanisani; baba yetu alikuwa mzee wa kanisa, na angesikia habari hizo tungekiona cha mtema kuni. Huyu alikuwa wa dada peke yake. Alikaa kwenye kigoda katika nchi iliyoanzia nyuma ya mstari wa mwisho wa chai yetu, pale shamba linapoteremkia mtoni, na kazi yake ilikuwa moja tu, kutotikisika. Kwa kuwa yeye hakutikisika, hakuna kilichoharibika mbele yake. Maziwa hayakuchacha, ndizi hazikuoza, mtoto wa miaka tisa alibaki wa miaka tisa. Jina hakuwa nalo, maana ukimwita mtu anageuka, na yeye angegeuka, basi kila kitu kingeoza siku hiyo hiyo.

Mtoto wa miaka tisa ndiye mimi. Dada alikuwa na kumi na saba. Alikuwa amemaliza darasa la saba na hakuendelea, na tangu hapo akawa mtu wa kikapu mgongoni, Jumatatu hadi Jumamosi. Chai yenyewe ilikuwa bado jambo geni kwa watu wenye mashamba madogo kama sisi, na baba aliiheshimu kuliko alivyotuheshimu.

Nilikuwa na mdomo, tena wa maswali. Huyo mungu anakula nini? Hali, kutafuna ni kutikisika. Anaenda choo? Dada akafikiri kidogo, akasema mtu asiyekula aende choo kufanya nini. Na kama hakuna kinachooza, maharagwe yanaota vipi? Hayaoti, wanakula yale yale ya zamani. Na inzi je? Wamesimama hewani. Hilo la inzi lilininyima raha wiki nzima. Nilikuwa naenda zizini kuwatazama, nijaribu kumwaza mmoja amesimama, nashindwa. Siku moja nikauliza kama watu wa huko huondoka kwao. Dada akatupa majani kikapuni. Akasema haondoki hata mmoja.

Mwaka huo huo wakaja wazee kutoka Ndanai kumposa dada. Wakaja mara ya pili, na siku ya kufunga maneno ikapangwa. Mimi sikuambiwa kitu. Nilijua nilipomwona mama ametoa vibuyu vitatu kwa mpigo, anavisugua ndani. Alichoma kijiti cha mti wa senetwet, akavipaka makaa yake ndani mpaka vikanukia moshi, akamimina maziwa yaliyochemshwa na kupozwa, akaziba. Hiyo ilikuwa mursik, maziwa ya mgando, ya wageni. Kibuyu kikubwa kilikuwa cha wazee wa upande wa mume, na mimi niliamini kwamba bila hicho hakuna neno lingefungwa. Vikapandishwa darini. Kwetu kibuyu kikishapanda hakiguswi wala hakichunguliwi hadi siku yake, la sivyo mursik inaharibika.

Nikatazama juu nikajiuliza, hii si ndiyo kazi ya yule mungu? Mchana huo mama alipokwenda kwa akina mama wa kanisa, nilikishusha kile kikubwa, nikakificha katika stoo ya mahindi nyuma ya magunia. Nikapatana na mungu yule: ayaweke maziwa haya vile yalivyo, na dada naye amweke hapa nyumbani vile alivyo. Nilimpenda dada yangu kuliko mtu yeyote. Akienda, nani mwingine angenijibu? Mama alikuwa anajibu kwa kofi.

Sasa, mtu mwenye akili angekiacha kibuyu. Lakini wapi. Kila siku nikitoka shule naenda kufungua, nachovya kidole, naonja. Siku ya kwanza maziwa yalikuwa matamu, nikafurahi sana. Siku ya tatu yakaanza kuwa makali. Nikaona labda ni mimi ninayemsumbua, basi nikawa nakaa dakika nyingi bila kupepesa macho, halafu nafungua tena kuona kama imesaidia. Wiki haikuisha kabla ya ukungu wa kijani kuota mdomoni mwa kibuyu. Nikaupangusa kwa kitambaa cha shule.

Wageni walipofika, mama alipanda darini akashuka na vibuyu viwili. Uso wake sitausahau. Akatoka mbio kwa jirani kuazima, aibu tupu, na mimi nikakimbilia stoo, nikakaa na kibuyu mapajani, nimekakamaa, nimebana pumzi.

Dada ndiye aliyenipata. Alikuwa amevaa gauni jipya la maua. Akaketi juu ya gunia, akafungua kibuyu, akanusa, akakiziba upesi. Nilingoja kofi. Akacheka mpaka akashika mbavu. Nikalia, nikamweleza yote, kwamba nilitaka akae katika nchi ile asiondoke. Akaacha kucheka.

"Kwani wewe," akasema, "ulidhani nakusimulia mahali pazuri?"

Akaniambia tangu atoke shule amekuwa akichuma mistari ile ile, na siku nyingine, jua likiwa kichwani, alikuwa anatazama mikono yake asijue kama ni wiki hii au ile iliyopita. Hapo ndipo alipokuwa anamwona yule mungu ameketi anamngoja, na alimwogopa. Alimleta kwangu ili tumcheke wawili.

"Mimi nataka kwenda," akasema. "Huyo anayenioa ana cherehani kule sokoni. Ameniahidi nitashona."

Akanipangusa kamasi kwa pindo la gauni lake jipya. Mama akaita. Msichana wa kuposwa hutoka polepole, macho chini, kila mtu anajua hivyo. Yeye alitoka anakimbia.

Nilibaki pale juu ya gunia, nimeona haya kuliko siku nyingine yoyote ya utoto wangu. Mwaka mzima nilikuwa nimemuuliza maswali, asubuhi mpaka jioni, na sikuwahi hata mara moja kumuuliza yeye anataka nini.