Waliofunga Nasari Yetu

Kabla sijafumbua macho nilikuwa nasikia watoto wanalia. Si mtoto mmoja, ni watoto ishirini na zaidi kwa mpigo, kila asubuhi, ukungu ukiwa bado umelala juu ya michai, mama zao wakiwaacha mikononi mwa Mama Veronika na kukimbilia mashambani kabla mnyapara hajafunga orodha. Kilio chenyewe kilikuwa hakidumu. Kinakatika ghafla, kinafuata kicheko cha Mama Veronika, halafu vijiko vinagonga vikombe vya bati, na harufu ya uji ulioshika moto kidogo chini ya sufuria inapita nyumba kwa nyumba. Kambi yetu ilikuwa na laini nne za nyumba za matofali, kwenye shamba la chai upande wa Bumbuli, njia ya kwenda Mgwashi. Nasari ilikuwa mwisho wa laini ya pili, chumba kimoja kirefu chenye mikeka na madirisha ya rangi ya kijani, na aliyemlipa Mama Veronika ni shamba lenyewe. Mimi nililelewa mle. Mdogo wangu Hamisi akaingizwa mle akiwa na miezi mitatu. Mtu akikuambia kwamba maskini wa zamani hawakuwa na kitu, mwambie sisi tulikuwa na nasari.

Baba yangu alitoka Kigoma, alikuja kijana mbichi kukata mkonge kule bondeni, akachoka na jua, akapanda milimani akaoa Mshambaa. Huyo Mshambaa ndiye mama yangu, mchumaji wa chai, vidole vyake vyeusi kwa utomvu hata siku ya Idi. Mimi ndiye mtoto wa kwanza. Mwaka ninaousema nilikuwa na miaka kumi na moja, darasa la tano, na nilikuwa nashika namba moja. Sijisifu, namba yenyewe haikunifikisha popote. Mama hakujua kusoma hata jina lake, lakini jioni alinikalisha karibu na jiko nimsomee kitabu cha jiografia, maziwa, mito, bandari, naye anatikisa kichwa kama anayesikiliza habari za ndugu zake wa mbali. Alikuwa na neno moja tu kwangu, kwamba mimi sitashika kapu. Neno hilo nililiamini kuliko nilivyoamini kwamba kesho kutakucha.

Hizo zilikuwa zama za ruhusa. Mitumba ilijaa gulio la Soni, sukari haikuwa tena ya kupanga foleni, kila mwenye kibanda akawa mfanyabiashara. Sikatai, gauni langu la kwanza zuri nililivaa miaka hiyo. Lakini ruhusa haikuja peke yake, ilikuja na maneno yake. Shamba lilikuwa la serikali, likapewa mwenyewe mpya, na mwenyewe mpya akamleta meneja anaitwa Bwana Mchome. Huyo ndiye wa kwanza ninayemtaja. Alikuwa mpole, hakuwahi kumtukana mtu, na upole wake ndio uliotumaliza. Alizunguka kambi siku mbili, akaitazama zahanati, akaitazama nasari, akamuuliza Mama Veronika watoto wanakula mara ngapi, akamshukuru. Halafu akasema kazi ya shamba ni chai, mengine yana wenyewe.

Peke yake Bwana Mchome asingeweza. Watu wangegoma, kina mama wa kambini walikuwa hawachezewi. Aliyemsaidia ni wa pili ninayemtaja, Mzee Singano, diwani wetu. Mzee Singano alikuwa mtu wa kanzu safi na sauti ya kubembeleza, na alikuwa na imani yake, namtendea haki, hakuhongwa. Aliamini kabisa kwamba nchi iliharibika kwa sababu watu walifundishwa kuitegemea serikali. Aliamini dawa ni kurudi nyuma, kwa baba na mama na mila za wazee. Maneno hayo alikuwa anayarudia kwenye harusi, kwenye matanga, hata dukani. Mtu mbaya unaweza kumkimbia. Mtu mwenye imani anakufuata mpaka ndani.

Mkutano aliuita siku ya Ijumaa, baada tu ya sala, kwenye uwanja mbele ya msikiti. Saa hiyo kina mama wote wako kwenye michai, hawajashusha makapu. Waliokuwepo ni wanaume, na sisi watoto tuliokwenda bombani kuchota maji, hatua chache kutoka pale. Mzee Singano akafungua kwa dua. Akawasalimu kwa Kishambaa, onga mshi, ingawa nusu ya kambi ilitoka Kigoma na Makete. Kisha akasema maneno ambayo mpaka leo nayajua kama wengine wanavyojua Fatiha.

"Uchungu wa mwana aujuaye mzazi. Mtoto analelewa na mama yake na nyumba yake, halelewi na kampuni, halelewi na serikali. Wazee wetu walikuwa na ngemo, hawakumngoja mtu wa ofisini. Turudini kwenye ngemo."

Ngemo ni desturi ya Washambaa ya kulimiana kwa zamu. Leo watu wote wako kwenye shamba lako, unawapikia, kesho mko kwa mwenzio. Ni kitu kizuri na kila mtu pale alikipenda, hata wale wa kuja. Basi Mzee Singano akataka kina mama walee watoto kwa ngemo, leo huyu abaki na watoto wa laini nzima, kesho yule, na nasari ifungwe, kwa sababu imewazoesha watu uvivu. Akauliza nani anapinga. Sasa hapo ndipo uelewe milima yetu. Mzee amefungua kwa dua, ametaja mila, amesimama mbele ya msikiti. Anayemjibu anaonekana hakulelewa. Akasema wanaokubali wanyooshe mkono, nami nikiwa na ndoo kichwani nikauona mkono wa baba yangu. Haukuwa wa kwanza, na haukuwa wa mwisho. Ulikwenda juu pamoja na mingine, kama watu wanavyoitikia amina.

Mama alipopata habari hakupiga kelele. Alimwekea baba ugali wake, akakaa mbele yake mpaka amalize, ndipo akasema, "Ngemo ni ya jembe, baba Zaina. Shamba linakwisha jioni, watu wanakula wanaondoka. Mtoto anakwisha lini?" Baba akajibu kwamba wanaume wameshakubaliana. Akanawa mikono.

Na ngemo yenyewe ikafa kwa jambo ambalo hata mtoto angeliona. Kwenye ngemo ya kulima, aliyeitwa hapotezi kitu ila jasho. Mchumaji akibaki kambini siku moja, mnyapara anakata jina lake, na jina likikatwa mara tatu nafasi inapewa mwingine, maana watu wa kutafuta kazi walikuwa wanalala getini. Wiki ya kwanza zamu zilikwenda. Wiki ya tatu kila mama alikuwa na sababu. Mama yangu akambeba Hamisi mgongoni akaingia naye kwenye michai, ili mimi niende shule. Siku nne hivi alichuma akiwa na mtoto mgongoni na kapu juu yake, hata wenzake wakamtania kwamba amekuwa ngamia. Bwana Mchome akatoa amri, watoto wasionekane kwenye michai, kuna dawa zinapulizwa, ni kwa faida yao. Ndivyo alivyosema, kwa faida yao, na Mama Veronika wakati huo alikuwa ameshapanda lori na godoro lake kurudi kwao Makete.

Jirani yetu Mama Asha alikuwa na binti wa miaka sita. Akamwachia mdogo wake, akawafungia ndani. Yule mdogo akatambaa mpaka kwenye sufuria ya uji wa moto, ukammwagikia. Alikaa siku mbili, akafa. Kwenye maziko Mzee Singano alisimama, akawausia kina mama wawe makini zaidi na watoto wao, kwa sababu mama mzembe ni msiba wa nyumba. Mama Asha alikuwa amekaa chini kwa wanawake, anasikia. Sikumchukia mtu kama nilivyomchukia Mzee Singano siku ile, nami nilikuwa mtoto niliyefundishwa kumwamkia kwa magoti. Kesho yake nilipokutana naye njiani nilisema shikamoo kama kawaida. Aibu hiyo bado ninayo.

Kifo hicho ndicho kilichomvunja mama. Asubuhi iliyofuata nilikuwa nimeshavaa sare, nimefunga kamba ya kiatu, akaja akaniwekea Hamisi mapajani. Alinifunga khanga yeye mwenyewe, akakaza fundo, akachukua kapu, akaenda. Nilibaki mlangoni na sare yangu, mtoto mgongoni, nikiwatazama wenzangu wanateremka kwenda shule. Nilifikiri ni siku moja.

Mwalimu Hoza alikuja baada ya wiki mbili. Alikuwa mwalimu wangu wa darasa, mtu mzuri, na hata yeye namtaja. Alimweleza baba kwamba mwaka wa darasa la saba uko karibu na mtoto huyu anaweza kufaulu, wa kufaulu katika kijiji hiki wanahesabika. Baba akamsikiliza kwa heshima yote.

"Mwalimu, nani atakaa na mtoto?" akauliza. "Wewe?"

Mwalimu akasema yeye hajui, lakini Zaina ni wa kwanza darasani.

"Basi ameshajua vya kutosha," baba akasema.

Mwalimu Hoza akaondoka, na kwenye daftari la mahudhurio akaniandika mtoro. Niliambiwa na rafiki yangu niliyekuwa nakaa naye dawati moja. Hakukuwa na neno jingine la kuandika, nasari iliyofungwa haina sehemu yake kwenye daftari. Hivyo mtoto aliyelea mtoto akawa mtoro, meneja akawa mwokozi wa shamba, na diwani akachaguliwa tena. Baba naye namweka kwenye orodha, Mungu amrehemu. Mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi, na mkono alionyoosha ulinitwisha mimi mzigo huo.

Hamisi nilimlea. Nilimtafunia chakula, nilimfundisha kuhesabu kwa kokoto, na alipofika darasa la tano nilikuwa tayari nachuma chai mwaka wa pili au wa tatu, sikumbuki vizuri. Alifaulu. Alikwenda sekondari, akaenda chuo Morogoro, na vazi la mahafali alilonitumia picha yake lilikuwa zuri sana. Leo yeye ndiye diwani. Nami nauza kabichi na karoti sokoni, na mwaka jana sisi wanawake wa soko tuliandika barua kuomba chumba kimoja kwenye jengo jipya la soko, cha kulaza watoto wakati tunauza, maana wanalala chini ya meza, kwenye majani yaliyooza. Chumba kipo. Kina kufuli, kinahifadhi viti vya mikutano.

Hamisi akaja kutujibu mwenyewe, kwenye mkutano, mchana kweupe, na wanawake safari hii tulikuwepo. Kitu kimebadilika, nakubali. Zamani walitungoja tuondoke ndipo waseme, siku hizi wanatuambia tukiwa tumekaa mbele yao. Hana sauti ya Mzee Singano, anazungumza harakaharaka, alitaja bajeti na uwezeshaji, lakini mwisho akafika palepale. Akasema tusijenge taifa la kusaidiwa. Akasema familia ndiyo msingi. "Mimi mwenyewe hapa nimetoka kambini," akasema, "sikulelewa na serikali. Nililelewa na familia." Wanawake wakapiga makofi, maana ni kijana wetu na anapendeza.

Baada ya mkutano alikuja kwenye meza yangu, akainama, akasema shikamoo dada. Nikaitika. Akachagua karoti akauliza mbona leo nimenuna.

"Ile familia uliyoitaja," nikamwambia, "ilikuwa na miaka kumi na moja. Ilikuwa darasa la tano."

Akacheka kidogo, akatazama kama kuna mtu anasikiliza. "Dada, yamepita hayo. Si tulikua?"

"Wewe ndiye uliyekua," nikasema.

Chini ya meza mtoto wa jirani yangu alikuwa ameamka analia, na Hamisi akajisogeza pembeni, mtoto asije akamchafulia kiatu.