Simu ya Lina Kwenye Sinia

Siku yangu ya kwanza kazini nilikabidhiwa mfuko wa turubai wenye pasi thelathini na moja za watu nisiowajua, nikaambiwa nisiuweke chini hata nikibanwa na haja. Aliyenikabidhi alikuwa muakibu mkuu wa ofisi yetu ya Jeddah, mle Balad, mji mkongwe, ghorofa ya pili ya nyumba kuukuu ya mawe iliyokuwa ikitumwagia chokaa mezani kutwa. Muakibu ni mtu anayefuatilia karatasi za wengine katika ofisi za serikali, dirisha hadi dirisha. Wangu alikuwa mzee wa Kihijazi, mkali, mwenye kikohozi kisichopona. "Saidi," alisema, "karatasi isiyo na muhuri ni ya kufungia mkate. Yalla, kashike foleni."

Nilisimama tangu alfajiri. Nilipolifikia dirisha, likafungwa kwa sala ya adhuhuri, na lilipofunguliwa tena mwenye dirisha alikuwa mwingine na fomu zilikuwa nyingine. Nilirudi ofisini na pasi zangu zote thelathini na moja bila hata moja kuguswa. Muakibu mkuu alicheka mpaka akakohoa, akasema sasa nimeianza kazi.

Vijana wa leo mnaofungua ikama kwenye simu huku mmejilaza kitandani hamtanielewa. Ikama ndicho kibali cha kuishi kule, na enzi zangu kilikuwa kijitabu, ukikipoteza umepotea nacho. Juu yake yuko kafili, mwajiri anayekudhamini, na mwisho wa yote iko huruji, ruhusa ya kuondoka nchini moja kwa moja. Kazi yangu ilikuwa kuwaingiza watu, kuwahuishia vibali, na kuwatoa. Nilijifunza kusoma Kiarabu cha ofisi, ambacho hata Waarabu wenyewe hawakipendi. Nilijifunza pia kutouliza, na hilo ndilo lililonipandisha cheo.

Baada ya miaka mingi ya Jeddah nilihamishiwa Riyadh, kwenye kampuni ya usafi yenye ofisi mtaa wa Olaya. Wafanyakazi wetu, wanawake kwa wingi, walisafisha minara ya maofisi pale Olaya, na malazi yao yalikuwa mtaa wa Al-Suwaidi. Mkubwa wangu mpya, Mudiri wa tawi, alikuwa kijana mwenye manukato mengi na subira kidogo. Mambo yalikuwa yamehamia kwenye simu. Mkataba ukikaribia kwisha, kampuni inatuma mkataba mpya, mfanyakazi anaufungua kwenye simu yake, anausoma na kubonyeza "nakubali" au "nakataa". Hivyo ndivyo ilivyoandikwa. Ilivyofanyika ni kwamba nilipita Suwaidi na sinia kubwa la kulia wali, kila mtu akaweka simu yake imefunguliwa, nami nikakaa kitako na kubonyeza. Simu hamsini kwa asubuhi moja. Nilijisifu kwa kasi hiyo, na Mudiri alinisifu mbele ya wageni.

Mmoja tu hakuweka simu yake. Alikuwa Mfilipino, mfupi, mkimya, wa umri wa kukaribia arubaini, jina lake Lina. Alinishikia simu usoni akasema kwa Kiarabu chake cha ndoo na fagio, "Kwanza soma."

Nikamwambia ni yale yale ya kila mwaka. Akasema, "Soma, kuya." Kuya ni kaka mkubwa kwa lugha ya kwao. Basi nikasoma, kifungu kwa kifungu, na wenzake wakiwa wamepanga mstari nyuma yake.

"Aki mzee Saidi, bonyeza tu hiyo kitu," alisema Wanjiru, Mkenya mwenzangu aliyekuwa kiongozi wa zamu. "Sisi tumechoka, tunataka kulala. Huyu Lina anajifanya lawyer."

Nilikasirika, sitaficha. Lakini mwaka uliofuata akanisimamisha tena, na wa tatu vilevile, na siku hiyo ya tatu nikamuuliza ana nini na karatasi. Akanijibu bila kupandisha sauti. Yeye ni Mmangyan, watu wa milimani katika kisiwa cha Mindoro. Babu yake aliletewa karatasi na mfugaji wa pwani, akaambiwa ni ya kupokea chumvi na nguo. Akaweka dole gumba. Karatasi ilikuwa ya kuuza bonde zima. Watu wake wakafanya walivyozoea kila walipodhulumiwa, wakapanda juu zaidi mlimani, wakafyeka upya, wakapanda viazi vikuu upya. "Sasa mlima umekwisha," alisema. "Juu yetu ni mawingu." Hata cheti cha kuzaliwa alikipata akiwa mtu mzima, kwa kusaidiwa na mwalimu mmoja. Karani wa mji alipoona ana jina moja tu, kama mababu zake, alimtungia la ukoo pale pale, jina la watu wa pwani.

Nilirudi nyumbani na maneno yale yakinichoma. Mama yangu mzazi ni Mwaata, wa bara ya Malindi. Ndugu zake walikuwa wawindaji wa upinde, mpaka wakaamka siku moja wakaambiwa msitu wao ni mbuga ya serikali na wao ni majangili. Mimi nilipokwenda kuchukua kitambulisho nilitaja kabila la baba, nikanyamaza kuhusu mama. Ilikuwa rahisi hivyo, na kwa miaka yote hiyo sikuwahi kuona haya. Pale Suwaidi, mbele ya mwanamke wa ndoo na fagio, niliona haya.

Tangu hapo nikawa namsomea Lina kila kitu: ujumbe wa benki, tangazo la chanjo, hata matangazo ya mauzo ya magodoro. Akaanza kuniamini. Siku moja alinijia akiwa na furaha ambayo sikuwahi kuiona usoni mwake. Serikali ya kwao, baada ya kuombwa kwa miaka isiyohesabika, ilikuwa imekubali kuja kupima ardhi ya mlimani na kuiandika kuwa ya Wamangyan. Kila ukoo ungesimamisha mtu wake mpakani aonyeshe: hapa babu alilima, hapa tumezika. Ukoo usio na mtu, sehemu yake ingeandikwa haina mwenyewe, na wajukuu wa yule mfugaji walikuwa tayari na karatasi yenye dole la babu. Wazazi wake walishakufa, kaka hana, na mdogo wake wa kike aliolewa mbali, hata mipaka haijui. Alikuwa ni yeye au hakuna.

"Mkataba wangu unakwisha mwezi mmoja kabla," alisema. "Nitakataa mpya, utanitolea huruji, nitaenda."

"Halas," nikamwambia. "Hilo niachie mimi."

Mwezi wa mikataba ulipofika, nilikwenda Suwaidi na sinia langu. Lina alikuwa zamu ya asubuhi Olaya. Alimpa Wanjiru simu yake ikiwa imefunguliwa, na Wanjiru akaiweka kwenye sinia pamoja na nyingine. Lina hakuwahi kuitoa hivyo kabla. Alifanya kwa sababu mbonyezaji ni kuya, na kuya anajua.

Nami nikabonyeza. Sikuangalia majina, sijawahi kuyaangalia, kidole kilikuwa kimezoea upande wa kulia, penye "nakubali". Mazoea yana taabu. Simu hamsini na kitu, chai ya maziwa mkono wa kushoto, na huku nikimpigia Wanjiru hadithi za Malindi akicheka.

Wiki iliyofuata Lina alikuja ofisini kuomba huruji. Nilifungua faili lake kwenye kompyuta nikaona ameongeza miaka miwili, maana safari hii kampuni ilikuwa imetuma mikataba ya miaka miwili badala ya mmoja. Nilitazama saa ya kukubali, nikaikumbuka chai.

Ningeweza kusema ni mtandao. Nilitaka kusema ni mtandao, Mungu ananiona. Nikamwambia, "Lina, ni mimi. Simu yako ilikuwa kwenye sinia, na mimi sikutazama."

Hakulia wala hakunitukana. Alikitazama kidole changu, kile nilichokuwa nimekilaza juu ya meza, akakitazama muda mrefu. "Miaka mitatu nilikusumbua unisomee," alisema. "Mara moja tu sikukusumbua."

Nilimwendea Mudiri. Alikuwa akijitengeneza shimagi yake, kile kitambaa cha kichwani, mbele ya kioo. "Mfumo unasema amekubali mwenyewe," alisema. "Mafi mushkila, hakuna shida, Saidi. Miaka miwili itapita."

"Niliyekubali ni mimi, bosi."

"Basi usilirudie neno hilo. Kubonyezea watu simu zao ni kosa, nawe ndiye uliyebonyeza. Unataka kuniharibia tawi kwa ajili ya mfagiaji mmoja?"

Hapo nilielewa kwamba kwa miaka yote alijua, na alikuwa ameniacha nibonyeze ili siku ya kulaumiwa niwe mimi. Simlaumu sana. Na mimi nilijua, na nilipenda kusifiwa.

Nilipanda basi hadi Jeddah, usiku na mchana, kwenda kumwona Mudiri Mkuu. Ofisi kuu ilikuwa mwendo wa miguu kutoka ile nyumba ya Balad nilikoanzia. Mkobani nilikuwa na karatasi moja niliyoiandika kwa mkono: kwamba mimi, karani wa tawi la Riyadh, nilibonyeza "nakubali" kwa niaba ya mfanyakazi bila idhini yake, na kwamba naomba mkataba ule ubatilishwe. Sikutaja wengine hamsini. Nimejiuliza mara nyingi kwa nini, na jibu ni kwamba woga wangu haukuwa umekwisha, ulikuwa umepungua tu.

Mudiri Mkuu, mzee mwenye miwani minene, aliisoma mara mbili. "Unajua ukiniachia karatasi hii siwezi kukubakisha kazini?"

"Najua, bosi."

"Na bila karatasi hii siwezi kumtoa yeye." Akavua miwani. "Umebakiza muda gani kustaafu?"

"Mwaka na kitu."

Akaiweka kwenye droo. Nikawa nimemwaga unga wangu mwenyewe, kwa mwandiko mzuri. Huruji ya Lina ilitoka siku ya Jumatatu, yangu ikafuata Alhamisi. Wanjiru alitupikia chapati sote wawili, akanisema, "Mzee Saidi, wewe ni mjinga, lakini sasa nitaanza kusoma hiyo kitu yangu." Hayo ndiyo yaliyokuwa maagano yangu na kazi.

Sasa niko kwetu, bara ya Malindi, karibu na boma la wajomba zangu. Magoti yananiuma na usingizi ni wa kuibia. Watu huniuliza Saudia ilikuwaje, nami huwaambia ilikuwa foleni. Nikitazama nyuma naona nilitumikia karatasi kuliko watu, na sina maneno mazuri ya kulifunika jambo hilo. Walionitendea wema walikuwa wengi, na wengi wao sikuwasomea chochote.

Lina alifika kwao kwa wakati. Alisimama mpakani siku iliyopangwa pamoja na koo nyingine zote, tangu asubuhi hadi jioni. Wapimaji hawakuja. Walisema mvua, kisha gari, kisha kiongozi mpya hajatia sahihi. Niliposikia nilikaa kitandani nikashika kichwa. Kazi yangu, kazi yake, vyote vimekwenda, na mlima haujapimwa.

Juzi alinipigia. Walikuwa wameshuka watu kumi na wawili, mwendo wa siku nzima kwa miguu, na vikapu vyao vya chakula mgongoni, mpaka ofisi ya serikali katika mji wa pwani. Nyuma yake nilisikia watoto na kelele za pikipiki.

"Kuya," alisema, "karani anasema turudi wiki ijayo. Wewe ulikuwa karani. Akisema hivyo, maana yake nini?"

Nilikuwa nimewaambia watu neno hilo hilo maisha yangu yote. Sikuwahi kuulizwa maana yake.

"Maana yake hajalifungua faili lenu," nikamwambia. "Mkiondoka, hatalifungua. Kaeni pale mlangoni anapopita kwenda kula. Msimtukane, msiinuke, mpaka awaandikie siku na aweke jina lake chini."

Kisha nikamsikia akiwaeleza wenzake kwa lugha yao, maneno machache tu, na baada yake nikasikia vikapu vikitua sakafuni, kimoja baada ya kingine.