Saksauli za Ordabek

Ukimwita kirukanjia wa Ordabek panya, mtagombana hapo hapo, uwe mgeni, uwe mzee. "Panya ni wa stoo kwako! Huyu anaruka kwa miguu miwili ya nyuma, ana baka jeupe mgongoni, ana nywele nyayoni za kumkimbiza mchangani. Umeona wapi panya wa namna hiyo?"

Na ana haki ya kufoka. Kirukanjia yule ni wa mchanga tu. Toka kule Volga hadi Ziwa Balkashi, kusini mpaka kwa Waturkmeni, utamkuta penye mchanga wa jangwa. Ingia kwenye udongo mgumu, humwoni tena. Na hata mchangani anataka kichaka cha saksauli, ule mti wa jangwani, na mabuu ya mende ya kufukua mizizini. Kwenye tuta tupu linalohamahama atakula nini, upepo?

Pale kijijini kwa Ordabek saksauli zilikatwa zote zikawa kuni, mchanga ukaanza kuingia mazizini. Ordabek, kijana bado, akapanda upya, maji akileta kwa ngamia, watu wakimcheka. Zikashika, tuta likasimama. Asubuhi moja akaona nyayo za kirukanjia chini ya miti aliyoipanda kwa mkono wake, akakaa chini akalia.

Sasa sikiliza balaa. Kwa Wakazaki, mpwa akimwomba mjomba kitu hanyimwi, mpaka mara tatu. Na mjomba akimpiga mpwa, wanasema mikono yake itatetemeka hadi kaburini. Nurken, mtoto wa Kulash, dada yake Ordabek, alishachukua pikipiki, akachukua na mtoto wa farasi. Vuli moja akaja na lori. Akachinjiwa kondoo, majirani wakaitwa, nyama ikaliwa.

"Mjomba, nimebakiza moja."

"Sema, mnyang'anyi wee! Chukua unachotaka, hawa mashahidi!" Ordabek alikuwa anacheka. Alijua ataombwa ngamia.

"Zile saksauli za kule nyuma. Wenye mikahawa mjini wanazililia, makaa yake hayana mfano kwa mishikaki."

Batima, mke wa Ordabek, akaweka birika chini.

"Omba ngamia," Ordabek akasema.

"Ngamia nimpeleke wapi mimi? Neno limeshatoka, mjomba."

Mjinga gani anatoa neno kabla hajasikia ombi? Mjomba anayempenda mpwa wake, ndiye huyo. Na yule kijana alilijua hilo vizuri, shenzi mkubwa!

Kulipokucha lori likarudi nyuma mpaka kwenye miti. Saksauli haingoji shoka. Ukiifunga mnyororo ukaivuta, inakatika, na mizizi inang'oka. Ukaanguka wa kwanza, ukaanguka wa pili, mchanga ukaporomoka mashimoni. Kirukanjia akachomoka, akawa anazunguka kwenye jua hajui pa kwenda. Nurken akacheka, akamrushia teke.

Ordabek alikuwa na mjeledi wa farasi. Akamchapa nao mpwa wake mgongoni, akamrudia.

"Mikono yako, Ordabek!" majirani wakapiga kelele.

"Itetemeke! Ikatike kabisa! Fungua mnyororo, mbwa wewe, uondoke!"

Nurken akafungua. "Mama atasikia," akasema, akapanda lori.

Kulash alikuja kesho yake. Ndiye aliyemlea Ordabek mama yao alipokufa, akimtembeza mgongoni huku mwenyewe bado mtoto. Hakuingia ndani, na chai ya Batima akaikataa.

"Ulitoa neno mbele ya watu," akamwambia. "Kisha ukamchapa mwanangu mbele ya watu hao hao. Kwa ajili ya kuni!"

"Dada, mchanga ungetufunika..."

"Usiniite dada. Nikifa, usishike jeneza langu."

Akaenda zake. Ordabek akabaki amesimama, hasira zimemjaa: kwa Nurken, kwa mila, na zaidi kwa ulimi wake mwenyewe. Akachukua sepetu akafukia mizizi iliyong'oka, na mikono yake haikutetemeka hata kidogo.

Kulash alifariki kabla theluji haijayeyuka. Ordabek akatandika farasi, akaenda mpaka langoni kwa dada yake. Nurken alikuwa pale, akamfungia lango. Kulash akazikwa, Ordabek yuko nje ya uzio, ameshika hatamu.