Paini za Mteremko Uliokataa Viazi

Siku ile naikumbuka vizuri, mwanangu, siku niliyoshika msumeno nikaanza kukata matawi ya chini ya paini zangu, hapa juu ya Dundori. Nilikuwa mke kijana. Baba mkwe alikuwa amenipa mteremko uliokataa viazi, mawe matupu, nami nikapanda miche mvua ndefu zilipoanza. Niliipalilia kama mboga. Paini hukua haraka, ndiyo, lakini ikiwa changa nyasi huinyonga.

Sasa zilikuwa zimenipita urefu. Jirani yetu Kamau, ambaye pia alikuwa na paini, alisimama kwenye ua akacheka, kisha akaenda kumwambia baba mkwe kwamba nanyoa miti mpaka ife. Mzee akapanda polepole, akaangalia. Nikamweleza nilivyofundishwa na marehemu baba yangu, aliyefanya kazi msituni: tawi la chini huacha fundo kwenye mbao, na likikauka ni kuni zinazongoja moto.

Akauliza, "Haya matawi unayapeleka wapi?"

"Jikoni, baba. Sitaki yalale chini ya miti."

"Basi endelea. Ila usichubue gome."

Kiangazi kilipokuja, mtu alichoma mabua ng'ambo ya bonde, upepo ukauchukua moto. Ulianza kwa Kamau. Paini zake hazikuwa zimeguswa tangu zipandwe. Moto ulishika matawi ya chini ukapanda nayo hadi vileleni. Ulipofika kwangu ulikuta ukanda wa udongo mtupu niliolima kuzunguka shamba. Mahali uliporuka, haukupata tawi la kushika. Ulitambaa tu kwenye majani makavu, nasi tukaupiga kwa magunia yaliyolowa, wanaume kwa wanawake, Kamau akiwa katikati yetu, uso umejaa moshi na machozi.

Ulipozimika, baba mkwe aliniita mbele ya wote. Hakuwa mtu wa kusifu watu ovyo. Alisema, "Huu msitu una mama."

Nimezaa, nimejenga, nimezeeka, lakini sijasikia neno lililonijaza kifua kama hilo. Baadaye Kamau alikuja na msumeno wake kuniomba nimwonyeshe, nikamwonyesha. Leo wanawe ndio wenye paini nzuri kuliko zote huku juu, na nikipita barabarani nazitazama kama zangu.

Kwa hivyo mwanangu, ukipewa ardhi ambayo wengine wameikataa, usione haya. Panda, lakini usidhani ukishapanda umemaliza. Palilia, punguza matawi mapema, safisha mpaka wako, na watu wakikucheka usiache kazi. Jirani akija kuuliza, mfundishe, wala usimkumbushe alivyokucheka.

Mungu akupe magoti yenye nguvu ya kupanda mlima huu, akulinde na moto, na akuweke hai mpaka ukae kwenye kivuli cha miti uliyoilea mwenyewe.