Mfumaji na Jirani Yake wa Mitumba

Siku ya kwanza kuingia kwenye ukumbi wa mashine za kufuma, nilidhani kelele zimenifanya kiziwi. Wafanyakazi walizungumza kwa vidole na midomo. Msimamizi wa zamu, Mkerewe mrefu, aliniinamia sikioni akapaza sauti: "Nyuzi za urefu ni mtande, za upana ni mshindio. Uzi mmoja ukikatika, simamisha mashine. Usione aibu!"

Kiwanda kilikuwa Mwanza, nami niliishi Kisesa. Nilifuma miaka kumi na saba, mwishowe nikawa mkaguzi wa majora, mafungu ya kitambaa kilichokunjwa, kazi yangu kutafuta kasoro kabla hakijatoka.

Jirani yangu, ukuta kwa ukuta, alikuwa Mama Kulwa, mjane mwenye mapacha. Bidhaa za nje ziliporuhusiwa kuingia kwa wingi miaka ya tisini, alianza kuuza mitumba. Mtaa mzima ukavaa kwake. Kwetu majora yakalundikana stoo, zamu zikapunguzwa, hadi meneja akatukusanya uwanjani. "Jamani, nendeni nyumbani. Tutawaita."

Hatukuitwa.

Hasira zangu zote nilimwekea Mama Kulwa. Kila asubuhi alinisalimia, "Shikamoo, Baba Neema." Nikapita kama sikusikia. Miaka miwili.

Siku moja nikakuta sweta ya mtumba kitandani kwa binti yangu Neema, nikaitupa nje. Mke wangu aliiokota, akaikung'uta mchanga.

"Asubuhi kuna baridi," akasema. "Mtoto avae nini, jora?"

Mama Kulwa aliyaona yote. Kesho yake akaja na suruali pana mkononi.

"Shikamoo, Baba Neema. Hizi hazitoki, ni pana mno. Cherehani ninayo, ila kushona sijui. Wewe unazijua nguo."

Nikapokea suruali moja, nikaigeuza ndani nje, nikatazama mishono.

"Marahaba," nikasema. "Kiuno kinapunguzika."

Nilijifunza cherehani ukubwani, kibarazani kwake, nikiharibu chache mwanzoni. Tulifanya kazi pamoja mpaka macho yangu yakachoka, nikastaafu mara ya pili.

Vijana huniuliza kama bado naichukia mitumba. Kiwanda kilikufa kwa mambo mengi, mengine siyaelewi hata leo. Hakikuuawa na mjane mmoja anayelisha watoto. Ninachojutia ni ile miaka miwili: mwanamke ananiamkia kwa heshima, mapacha wake wamesimama mlangoni wanasikiliza, nami napita.