Hatua ya Kumi na Nne ya Pilau ya Bi Hafswa

Bi Hafswa Abubakr alipika pilau za arusi mjini Malindi kwa miaka ishirini na sita kabla hajaajiriwa na mtu. Pale mtaani Shela, watu walimuuliza yeye tarehe ya arusi kwanza, ndipo wakaenda kwa kadhi. Kisha magoti yakaanza kumsumbua, kuinamia majiko ya kuni kukamshinda, na kampuni ya mikahawa ya Sinia ikafungua tawi Malindi, lenye jiko la gesi linalomfika mtu kiunoni. Akaenda kuomba kazi kwa sababu ya jiko hilo. Alipoulizwa kwenye usaili kwa nini anaitaka kazi, alijibu hivyo hivyo, na wakamchukua.

Sinia ilikuwa na matawi tisa, kutoka Malindi hadi Nakuru, na yote yalitakiwa kufanana: viti vilevile, sahani zilezile, hata salamu ya mlangoni ileile. Kilichokataa kufanana ni pilau. Siku ya Ijumaa, watu wa Mtwapa waliliacha tawi la kwao, wakalipita la Kilifi, wakalipita la Matsangoni, wakaenda kula Malindi. Ripoti zikafika makao makuu Nairobi. Bi Cherop, mkuu wa uendeshaji, akatoa amri: pilau ya Malindi iandikwe, ipelekwe matawi yote.

Aliyetumwa kuiandika ni Kyalo, afisa wa viwango, kijana wa Kikamba aliyezaliwa Mtwapa. Aliingia jikoni na mizani, kipimajoto, saa ya kuhesabia dakika na daftari nene.

"Shikamoo, Bi Hafswa."

"Marahaba, mwanangu. Hivyo vyombo vyote ni vya pilau au umekuja kumpasua mtu?"

Kyalo akacheka, akafungua daftari. "Tuanze na chumvi. Unatia kiasi gani?"

"Kadri."

"Kadri ni gramu ngapi?"

"Kadri ni kadri."

Kyalo akaona maneno hayatamfikisha. Bi Hafswa alipochota chumvi kwa kiganja, alimwomba aimwage kwanza kwenye mizani. Gramu arubaini na moja. Kesho yake, gramu thalathini na sita.

"Mbona leo imepungua?"

"Ya leo ni kali."

"Lakini Bi Hafswa, chumvi si ni chumvi?"

Akamtazama kwa huruma. "Mwanangu, umeoa?"

"Bado."

"Nilijua."

Kwa siku nne Kyalo aliandika kila alichokiona na kila alichokisikia, kwa kuwa hakujua kipi ndicho pilau na kipi si pilau. Alipouliza vitunguu vikaangwe hadi lini, aliambiwa hadi vilie, na vikilia visionewe huruma. Akaandika. Siku ya nne, mchele ulipokwisha kuingia na maji kukaribia kukauka, Bi Hafswa alipunguza moto ukabaki wa kuoneka tu, akafunika sufuria, akaweka jiwe juu ya kifuniko. Papo hapo simu yake ikalia. Alikuwa dada yake Tima, aliyeko Lamu. Bi Hafswa akatoka uani, na Kyalo akabonyeza saa yake.

Uani, Tima alitaka kujua habari za huyo kijana wa mizani.

"Ananiandika," Bi Hafswa alisema, akashusha sauti. "Dada, wakishaniandika nikaisha, mimi watanitakia nini tena?"

Tima akamliwaza, kisha wakahamia kwenye mahari ya binti wa jirani, mazungumzo yakanoga. Aliporudi jikoni, saa ilikuwa imehesabu dakika ishirini na mbili. Kyalo akaandika: *Hatua ya kumi na nne. Mpishi atoke jikoni, azungumze kwa simu dakika ishirini na mbili.*

Mwongozo ukachapishwa, ukatumwa matawi yote. Bi Cherop aliusoma siku mbili baadaye. Alipofika hatua ya kumi na nne alivua miwani, akaifuta, akasoma tena. Akampigia Kyalo.

"Kampuni imlipe mpishi apige soga?"

"Mimi niliandika nilichokiona, madam."

"Ifute."

Ikafutwa, na mwongozo mpya ukatumwa kwa barua pepe. Baada ya wiki mbili malalamiko yakaanza kuingia. Kilifi, pilau ilikuwa na maji. Nakuru, punje nje laini, ndani ngumu. Mteja mmoja wa Mtwapa aliuliza kwa adabu kama huu uji mzito ni bokoboko, na kama ni bokoboko, mbona lina viazi. Matsangoni peke yake hapakuwa na lalamiko hata moja. Palikuwa na foleni.

Bi Cherop akashuka Pwani, akamchukua Kyalo, wakaingia Matsangoni saa sita kasorobo mchana bila kutoa taarifa. Jikoni hamkuwa na mtu. Sufuria tatu zilikuwa zimefunikwa, kila moja na jiwe lake. Wakatoka kwa mlango wa nyuma, wakawakuta wapishi watatu wamesimama kivulini, kila mmoja na simu sikioni. Mpishi mkuu, Mwambire, alipowaona aliinua kidole kuomba wasubiri.

"Ndiyo, mama mkwe," alikuwa akisema, jasho likimtiririka. "Ndiyo. Na mbuzi je, hawajambo?"

"Mwambire!" Bi Cherop alifoka. "Hii ni nini?"

Mwambire akafunika simu kwa kiganja. "Hatua ya kumi na nne, madam. Zimebaki dakika sita. Jamaa zangu wote nimeshawamaliza, sasa niko kwa wakwe."

Barua pepe yenye mwongozo mpya hakuiona kamwe. Ule mwongozo wa kwanza aliubandika ukutani, akaufuata kama alivyoapa kufuata siku alipoajiriwa. Bi Cherop alikula sahani nzima akiwa amesimama. Kisha akasema, "Twende Malindi."

Bi Hafswa alipowaona wawili hao mlangoni alidhani siku aliyoiogopa imefika. Akavua aproni kabisa, akaikunja, akaiweka mezani. Bi Cherop akamwamkia, akamuuliza simu ina uhusiano gani na mchele. Bi Hafswa akaichukua simu yake, akaigeuza mkononi. Hakuwahi kuulizwa, wala hakuwahi kujiuliza.

"Simu haina lolote," alisema. "Lakini pilau ikishafunikwa haitaki kufunuliwa. Na nani awezaye kusimama kando ya sufuria asifunue? Mimi mwenyewe siwezi. Ndiyo maana hutoka. Zamani arusini nilikuwa natoka kwenda kuwasema watu. Nyinyi wapishi wenu wamebaki ndani, wanafunua, wanachungulia, wanakoroga."

Kyalo alikuwa ameshafungua daftari.

Hatua ikarudishwa, safari hii kwa maneno mafupi: *Mpishi atoke. Asifunue.* Bi Hafswa naye akapandishwa cheo, akawa mkufunzi wa mapishi wa matawi yote. Nakuru alifundisha akiwa amevaa sweta mbili chini ya buibui, akilalamika kwamba mji umewekwa ndani ya friji, na wapishi wa kule wakampenda.

Siku Bi Hafswa alipotia sahihi mkataba mpya, Bi Cherop alimmiminia chai kwa mkono wake, akamsogezea mahamri.

"Sasa Bi Hafswa, hebu tuzungumzie biriani yako."

Bi Hafswa akachukua hamri, akalipasua katikati, akalitazama ndani.

"Mwanangu," alisema, "biriani ina mkataba wake."